Hundi Imedunda na Kesi Iko Mahakamani: Namna ya Kupatana kwa Njia Inayoshika

Ukipeleka hundi benki ikarudi, ukaenda polisi ukapewa namba ya RB, na mwisho aliyekuandikia akapandishwa kizimbani katika Mahakama ya Wilaya ya Korogwe au ya Handeni, kuna jambo linalobadilika ambalo wengi hawaelezwi. Mpaka siku ya kwenda polisi mlikuwa wawili, mdai na mdaiwa. Hati ya mashtaka inaposomwa, upande wa mshtaki hauna jina lako. Pameandikwa Jamhuri. Wewe umegeuka shahidi, pengine shahidi wa kwanza, na hundi yako imegeuka kielelezo. Fedha bado ni zako, lakini kesi si yako. Suluhu nyingi huharibikia hapo: wawili wanakaa mgahawani, wanalipana, wanapeana mikono, kisha hakuna anayekwenda tena mahakamani kwa kudhani yameisha. Baadaye mshtakiwa anakamatwa kwa kuruka dhamana, mdhamini wake anaitwa ajieleze, na shahidi aliyekwisha kulipwa anatafutwa kwa samansi kijijini kwake.

Mwongozo huu ni kwa wote wawili, unayedai na unayedaiwa. Kupatana katika kesi ya hundi ni halali, na mara nyingi ndiko kunakorudisha fedha. Lakini suluhu lazima ipite mezani kwa mwendesha mashtaka na iandikwe na hakimu. Ikifanywa pembeni ni hatari kwa anayelipa, na anayelipwa naye hayuko salama.

KWA NINI KUPATANA, NA SI KUSUBIRI HUKUMU

Anza na kile ambacho hukumu inaweza kukupa. Shtaka linalotumika sana kwa hundi zisizo na fedha ni kujipatia mali kwa njia ya udanganyifu, kifungu cha 302 cha Kanuni ya Adhabu, Sura ya 16, ambacho adhabu yake inaweza kufika kifungo cha miaka 7. Adhabu hiyo ni kubwa, ila kifungo hakilipi deni. Mahakama inaweza kuamuru fidia pamoja na adhabu, lakini mfungwa hana duka wala gari, na mashamba yake hayalimwi. Kama ulimuuzia mtu mabati Manundu na sasa yuko gerezani, fidia uliyopewa kwenye karatasi inamsubiri atoke. Chukua pia uwezekano wa kushindwa. Ili mtu atiwe hatiani kwa kosa hili, haitoshi kwamba hundi ilirudi. Lazima ithibitike kwamba alidanganya kuhusu jambo lililopo au lililokwisha kutokea, alijua anadanganya, alikusudia kulaghai, na wewe ulitoa mali kwa sababu ya uongo huo. Sharti likikosekana moja, mshtakiwa anaachiwa huru, nawe unatoka mahakamani bila fedha, umechoka kwa nauli na siku za kazi zilizopotea.

Hundi ya tarehe ya mbele ndiyo inayowaangusha walalamikaji wengi. Tuseme mnunuzi wa mahindi pale Mkata anachukua magunia leo tarehe 3 na kukuandikia hundi ya tarehe 30. Kwa kuipokea umekubali kwamba leo fedha hazipo, na kwamba anaahidi zitakuwepo. Ahadi ya jambo lijalo ni kitu tofauti na uongo kuhusu jambo lililopo. Mahakama ya Rufani ya Kenya ililisema hili wazi mwaka 1989 katika shauri la Oware dhidi ya Jamhuri: kauli kuhusu jambo la baadaye haiwezi kubeba shtaka la kujipatia kwa udanganyifu. Hoja hiyohiyo itatolewa na wakili yeyote makini mjini Korogwe. Hundi zinazowekwa kama dhamana ya mkopo ziko katika hali dhaifu zaidi, kwa kuwa anayezipokea huwa anajua kabisa kwamba akaunti haina kitu. Kama hundi yako ni ya aina hiyo, hata ofa ya kulipwa kwa awamu iangalie kwa jicho zuri. Hali ni nyingine pale mtu alipoandika hundi ya akaunti aliyokwisha kuifunga, au ya kitabu kisicho chake. Huo ni uongo kuhusu jambo lililopo, na upande wa mashtaka una pa kushika.

Kwa mshtakiwa hesabu ni nyepesi zaidi, ingawa hofu huwazuia wengi kuipiga. Kesi ikiendelea, hata ukishinda, umepoteza muda, imani ya wauzaji wa jumla na pengine mdhamini aliyekuamini. Ukishindwa, unaweza kufungwa na bado ukadaiwa. Deni lililokuwa la kulipika kwa miezi mitatu linageuka mzigo wa familia nzima, na mara nyingi ni mke au kaka anayeuza ng'ombe ili fidia ilipwe.

SHERIA INASEMAJE

Msingi wa kwanza uko kwenye Katiba. Ibara ya 107A(2) inaziagiza mahakama, pamoja na mambo mengine, kutochelewesha haki bila sababu ya msingi, kutoa fidia ipasavyo kwa walioumizwa na makosa ya wengine, na kukuza usuluhishi baina ya wanaohusika katika migogoro. Msingi wa pili ni Sheria ya Mwenendo wa Makosa ya Jinai, Sura ya 20. Kifungu ambacho mawakili wengi wanakijua kwa namba 163 kinairuhusu mahakama, katika kosa la shambulio la kawaida au kosa jingine lenye sura ya binafsi, kuhimiza mapatano kwa kulipa fidia au kwa masharti mengine inayoyakubali, kisha kusimamisha mwenendo wa kesi. Sharti ni kwamba mahakama ione kuwa maslahi ya umma hayadai adhabu. (Sheria zetu zilichapishwa upya katika Toleo la 2023, lililoanza kutumika Julai 2025, na namba za baadhi ya vifungu zimesogea. Taja jina la sheria na maudhui ya kifungu, namba itafutwe kwenye toleo lililo mezani.)

Soma masharti hayo mawili, sura ya binafsi na maslahi ya umma, kwa makini, kwa sababu ndiyo yatakayoamua kama ombi lenu linapita. Hundi moja baina ya watu wawili waliokuwa wakifanya biashara ina sura ya binafsi, na hakimu hapati shida kuliona hilo. Hundi tano kwa watu watano kutoka Segera hadi Mombo, zote za akaunti iliyofungwa, zinaanza kunuka utapeli, na hapo maslahi ya umma yana la kusema hata kama wewe umelipwa mpaka senti ya mwisho. Hundi ya kughushi iko mbali zaidi.

Njia inayotumika zaidi kwa vitendo ni mwendesha mashtaka kuondoa kesi. Sheria hiyohiyo inampa nafasi hiyo kwa idhini ya mahakama au kwa maelekezo ya Mkurugenzi wa Mashtaka. Hapa kuna tofauti ambayo mshtakiwa lazima aijue. Kesi ikiondolewa kabla hajatakiwa kujitetea, anaachiwa tu, na hakuna kinachozuia kushtakiwa tena kwa kosa lilelile. Ikiondolewa baada ya kuonekana ana kesi ya kujibu na kutakiwa kujitetea, anaachiwa huru moja kwa moja. Kwa hiyo katika kesi changa usalama wako uko kwenye makubaliano ya maandishi na risiti, na amri ya kuondoa kesi peke yake haikutoshi.

Usichanganye haya na makubaliano ya kukiri kosa yaliyoingizwa katika sheria zetu mwaka 2019. Kule mshtakiwa na upande wa mashtaka wanakubaliana akiri, atiwe hatiani, na apate nafuu fulani, ambayo inaweza kwenda pamoja na fidia. Mwisho wake ni hatia. Katika suluhu tunayoizungumzia hapa hakuna anayetiwa hatiani. Mtu akikuambia "kiri tu, yameshaisha", muulize anazungumzia njia ipi kati ya hizi mbili, na usifungue mdomo kizimbani kabla hujajibiwa. Aliyekiri mwenyewe na kutiwa hatiani hana rufaa dhidi ya hatia hiyo kwa utaratibu wa kawaida. Anabakiwa na nafasi ya kupinga kiwango au uhalali wa adhabu.

HATUA KWA HATUA

1. Kusanyeni karatasi kabla ya kukusanya maneno. Unayedai: hundi au nakala yake, karatasi ya benki inayoonyesha sababu ya kurudishwa, hati ya mauzo au ya kupokelea mzigo, ujumbe wa simu mlioandikiana, namba ya kesi na tarehe ijayo. Unayedaiwa: taarifa ya benki ya mwezi ule, uthibitisho wa chochote ulichokwisha kulipa, na nakala ya hati ya mashtaka. Kwenye karatasi ya benki sababu ndiyo ya kuangaliwa. "Fedha hazitoshi", "akaunti imefungwa", "saini haifanani" na "malipo yamezuiwa na mteja" ni sababu nne zenye uzito tofauti kabisa. Saini kutofanana inaweza kuwa ajali ya kalamu. Akaunti iliyofungwa ni vigumu kuielezea.

2. Hesabuni deni halisi. Hundi zinazopita kati ya benki na benki zina ukomo wa shilingi milioni 10, hivyo deni la milioni 24 mara nyingi huja kwa hundi tatu, na hati ya mashtaka inakuwa na makosa matatu. Andikeni kila hundi kwa namba, tarehe na kiasi. Toeni kilichokwisha kulipwa. Gharama za nauli na usumbufu zinazungumzika, lakini ziwe za kweli na ziandikwe kivyake. Anayedai milioni 6 akataka alipwe 12 ili "ailegeze kesi" ameshatoka kwenye suluhu na kuingia kwenye vitisho.

3. Mtafuteni msuluhishi mnayemheshimu nyote. Wazee wa ukoo, shehe, mchungaji au mtendaji wa kata wanaweza kufanya kazi nzuri kuliko mawakili katika kupunguza hasira na kupanga awamu za kulipa. Mipaka yao iwe wazi kwenu: wao wanawapatanisha ninyi, hawafungi kesi ya Jamhuri. Barua yenye muhuri wa kijiji isemayo "kesi imeisha" haimfungi hakimu.

4. Mwoneni mwendesha mashtaka kabla ya siku ya kesi. Nendeni pamoja katika Ofisi ya Taifa ya Mashtaka inayoshughulikia jalada, mkiwa na rasimu ya makubaliano. Mlalamikaji ndiye aanze kuzungumza, kwa kuwa wa kwanza kuulizwa ni yeye, kama anakubali kwa hiari. Mwendesha mashtaka anaweza kukataa, akasema kuna malalamiko mengine dhidi ya mtu huyohuyo. Hiyo ni haki yake. Hapo bado mnaweza kulipana na kuiambia mahakama kuwa malipo yamefanyika, jambo ambalo huzingatiwa kwenye adhabu hata pale ambapo halizuii kesi.

5. Andikeni makubaliano. Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama zetu kwa mabadiliko ya sheria ya mwaka 2021, kwa hiyo hakuna sababu ya kusaini Kiingereza usichokielewa. Kila upande uwe na shahidi wake, na ikiwezekana msaini mbele ya wakili au kamishna wa viapo.

6. Lipeni kwa njia inayoacha alama. Benki au simu, kwa jina la mlalamikaji mwenyewe, na sababu ya malipo ionekane pale inapowezekana. Fedha taslimu zilipwe mbele ya mashahidi na kwa risiti iliyosainiwa. Zisipite mkononi mwa mpelelezi, karani wala "kijana wa mahakama". Ukiambiwa kuna "ya chai" ili jalada lisogee, hiyo ni rushwa, na namba ya bure ya TAKUKURU ni 113.

7. Nendeni mahakamani wote wawili. Hatua hii ndiyo inayorukwa, na bila hii zote zilizotangulia zinaning'inia. Mwendesha mashtaka ataieleza mahakama, kisha hakimu atakuuliza wewe mlalamikaji. Maneno machache yanatosha: "Mheshimiwa, mimi ndiye niliyelalamika katika shauri hili. Tumepatana kwa hiari, nimelipwa kiasi kilichoandikwa kwenye makubaliano haya, na sijalazimishwa na mtu." Usiongeze kwamba ulikosea kumshtaki kama hukukosea. Shahidi anayebadilisha ukweli ili kumsaidia mwenzake anajitafutia kesi nyingine.

Kama malipo ni ya awamu, ombeni kesi iahirishwe hadi tarehe inayofuata awamu ya mwisho, na muweke ratiba fupi. Mahakama haiwezi kuahirisha kesi mwaka mzima ili ninyi mlipane. Kanuni ya kushika: unayedai, usikubali kesi iondolewe kwa kianzio na ahadi; unayedaiwa, usimalizie awamu ya mwisho kabla mwendesha mashtaka hajajua kwamba ndiyo ya mwisho. Njia nzuri ni awamu hiyo kulipwa asubuhi ya siku ya kesi, palepale, na risiti kuonyeshwa mahakamani.

KISANDUKU: MAKUBALIANO YAWE NA MANENO GANI

Mfano huu ni wa deni la shilingi 6,000,000. Badilisha kulingana na hali yako.

"Sisi tuliosaini hapa chini, mlalamikaji na mshtakiwa katika Shauri la Jinai Na. … la mwaka … katika Mahakama ya Wilaya ya …, tumekubaliana kwa hiari kama ifuatavyo. Mshtakiwa anakubali kwamba anadaiwa shilingi 6,000,000 kutokana na mauzo ya …, deni ambalo kwalo alitoa hundi namba … ya tarehe …. Kukubali deni hili si kukubali kwamba alikuwa na nia ya kulaghai. Atalipa shilingi 3,000,000 siku ya kusaini, shilingi 1,500,000 ifikapo tarehe …, na shilingi 1,500,000 ifikapo tarehe …, kupitia akaunti namba … yenye jina la mlalamikaji. Baada ya malipo yote, mlalamikaji ataieleza mahakama kwamba hana tena dai na kwamba anaridhia shauri liondolewe au mwenendo usimamishwe, kwa kadiri mahakama itakavyoona inafaa. Malipo yasipokamilika, kiasi kilichobaki kitakuwa deni linalodaiwa mara moja kwa njia ya madai. Hundi iliyotajwa haitapelekwa benki tena wala kukabidhiwa mtu mwingine."

Angalia mambo mawili katika maneno hayo. Sentensi ya nia ya kulaghai inamlinda mshtakiwa endapo suluhu itavunjika na kesi ikaendelea, maana karatasi ya kukubali deni inaweza kuletwa kama ushahidi, na ni nia, si deni, inayotenganisha kosa la jinai na biashara iliyokwama. Pia mlalamikaji hakuahidi kuifuta kesi, wala kujificha asitoe ushahidi. Ameahidi kuieleza mahakama msimamo wake, basi. Kanuni ya Adhabu inalifanya kuwa kosa kupokea faida kwa ahadi ya kuficha kosa kubwa la jinai au kuzuia mashtaka yake, na pia inaadhibu kumzuia shahidi asifike mahakamani. Mkataba wa "nakulipa, wewe usitokee" unawaingiza nyote wawili huko. Ule unaowekwa mezani kwa hakimu hauna la kuficha.

PINGAMIZI TATU ZINAZOSTAHILI JIBU

Pingamizi la kwanza ni kwamba suluhu inawapa wenye fedha nafasi ya kununua uhuru: maskini anafungwa kwa kuku, mfanyabiashara wa mamilioni anarudisha alichochukua na kwenda zake. Lina uzito. Jibu lake ni ule mlinzi aliyewekwa ndani ya sheria yenyewe, yaani maslahi ya umma, na hakimu akimwacha alale mlango uko wazi. Mapatano yafae kwa hundi ya kwanza iliyokwama, yasigeuzwe utaratibu wa kudumu wa mtu anayelipa kila anapokamatwa. Uhindi walikutana na tatizo hili kwa ukubwa wa kutisha baada ya kulifanya suala la hundi isiyo na fedha kuwa kosa mahususi. Mwaka 2010 Mahakama Kuu Kabisa ya nchi hiyo, katika shauri la Damodar Prabhu, iliweka ngazi: aliyepatana mapema hakutozwa, aliyechelewa katika mahakama ya chini alilipa asilimia 10 ya hundi, akifika Mahakama Kuu asilimia 15, na akifika juu kabisa asilimia 20, fedha zikienda kwenye msaada wa kisheria. Sisi hatuna ngazi hiyo, na naona tungenufaika nayo, kwa sababu inamfanya anayevuta kesi makusudi alipie muda wa mahakama alioutumia.

Pingamizi la pili ni kwamba polisi wanageuzwa wakusanya madeni. Hapa wapingaji wana haki kwa sehemu kubwa. Mkataba wa Kimataifa wa Haki za Kiraia na Kisiasa, ambao Tanzania iliuridhia mwaka 1976, unakataza kumfunga mtu kwa sababu tu ameshindwa kutimiza mkataba. Kenya imebana kosa lake la hundi mbovu kwenye mambo kama kuandika hundi ukijua akaunti haina fedha za kutosha (isipokuwa hundi ya tarehe ya mbele), kuandika hundi ya akaunti unayojua imefungwa na kuzuia malipo. Falme za Kiarabu, ambako Waswahili wengi wanafanya biashara, zilitangulia zaidi: tangu Januari 2022 hundi iliyokosa fedha tu imeondolewa kwa sehemu kubwa kwenye jinai, benki inatakiwa kulipa kiasi kilichopo, na hundi inaweza kupelekwa moja kwa moja kukazwa kama hukumu, huku ulaghai ukibaki kosa. Lakini pingamizi hili haliipingi suluhu. Linapinga kufungua kesi za jinai kwa madeni ya kawaida, na suluhu ndiyo njia ya kulirudisha deni kwenye reli yake.

La tatu ndilo zito kuliko yote: mtu asiye na hatia, akiogopa rumande, atalipa deni asilodaiwa. Mahindi yalikuwa na dumuzi, mbao zilikuja pungufu, au hundi ilitolewa kama dhamana na deni likalipwa kwa simu. Kama hiyo ndiyo hali yako, usipatane kwa hofu. Kosa hili lina dhamana, na utetezi wako una mahali pa kusikilizwa. Tafuta wakili, au msaidizi wa kisheria aliyesajiliwa chini ya Sheria ya Msaada wa Kisheria ya mwaka 2017, kabla ya kusaini chochote. Unaweza pia kupatana kwa sehemu: ukakubali kulipa milioni 2 zisizobishaniwa na kuliacha salio liamuliwe katika kesi ya madai.

MAKOSA YANAYORUDIWA

Kosa la kwanza kwa wanaodai ni kudhani kwamba makubaliano yaliyopokelewa kwenye kesi ya jinai ni sawa na tuzo ya madai. Si hivyo. Mdaiwa akiacha kulipa baada ya kesi kuondolewa, huwezi kwenda kukaza karatasi ile kwa dalali wa mahakama. Utafungua madai, na makubaliano yatakuwa ushahidi wako mzuri. Kwa deni la mkataba lisilozidi shilingi milioni 30, Mahakama ya Mwanzo iko karibu na gharama zake ni ndogo. Kwa madai makubwa ya hundi, Sheria ya Mwenendo wa Madai ina utaratibu wa mkato chini ya Amri ya XXXV, ambapo mdaiwa hajitetei mpaka apewe ruhusa na mahakama. Ukomo wa madai ya mkataba ni miaka 6, kwa hiyo kesi ya jinai ikivutwa sana, angalia kalenda. Wengine wanafungua madai mapema sambamba na jinai ili suluhu iandikwe upande wa madai na iwe tuzo papo hapo. Kwa deni kubwa, naiona kuwa njia salama kuliko zote.

Kosa la pili ni kwenda kituo kisichohusika. Hundi inaandikwa Kabuku, mzigo unachukuliwa Kabuku, lakini inarudishwa na benki ya Korogwe mjini, kisha mlalamikaji anaripoti Korogwe kwa kuwa ndiko aliko. Kwa kawaida kosa la kujipatia mali huhesabiwa pale mali ilipopatikana, hivyo jalada linaweza kuhamishiwa Handeni, na ninyi mkawa mnazungumza suluhu na ofisi isiyo na jalada. Ulizeni mapema lilipo.

Kosa la tatu ni la mshtakiwa kuandika hundi nyingine kulipia hundi iliyodunda. Unayedai, usiipokee. Ikidunda na hiyo, utakuwa umegeuza deni la zamani kuwa ahadi mpya, na wakili wa upande wa pili atauliza ni mali gani uliyoitoa kwa ajili ya hundi hii ya pili. Jibu litakuwa hakuna.

SIKU KESI INAPOONDOLEWA

Msitoke viwanja vya mahakama bila kuhakikisha haya. Mshtakiwa aombe nakala ya amri iliyothibitishwa kwa muhuri na aihifadhi pamoja na risiti zote, hasa kama kesi imeondolewa kabla ya utetezi. Mdhamini afunguliwe rasmi, na hati ya nyumba au kadi ya gari aliyoiweka irudishwe kwake mwenyewe kwa saini. Hundi kama imekwisha kupokelewa kuwa kielelezo iko kwenye jalada la mahakama, na kama haijapokelewa iko kwa mpelelezi. Andikeni barua moja mkiomba irudishwe, na ikitoka ichorwe mistari miwili na kuandikwa "imelipwa" mbele ya wote wawili kabla ya kukabidhiwa aliyeiandika. Mlalamikaji abaki na nakala. Kama vitu vingine vilishikiliwa wakati wa upelelezi, simu, gari au mzigo wenyewe, viombewe amri siku hiyohiyo hakimu akiwa bado na jalada mbele yake, kwa sababu likisharudi masjala itabidi muanze kwa barua upya.